Italia: Waliopigana na Waliorithi



Yapo maswali ya historia ambayo vitabu vya shule huyajibu kwa sentensi moja, na sentensi hiyo ikishakaririwa basi mtu huenda nayo mpaka kaburini. Muulize mwanafunzi ye yote aliyepitia historia ya Ulaya: nani aliiunganisha Italia? Atakujibu bila ya kusita kwamba Mazzini alikuwa roho yake, Cavour akili yake, na Garibaldi upanga wake.

Jibu hilo linatosha kwa mtihani. Lakini mimi naona lina upungufu mmoja mkubwa. Roho imetajwa, akili imetajwa, upanga umetajwa, mwili haukutajwa. Nani aliyekuwa mwili? Nani aliyesimama mbele ya mizinga mjini Milan, nani aliyeshuka milimani na bunduki za kuwindia kuuzunguka mji wa Palermo? Na baada ya bendera kupandishwa, mtu huyo alipata nini? Hayo ndiyo ninayotaka tuyazungumze leo.

Hebu turudi kwanza mwaka 1815. Napoleon alikuwa amekwisha kushindwa, na wafalme wa Ulaya wakakutana mjini Vienna kupanga upya mipaka. Italia ilikatwa vipande kama samaki sokoni. Milan na Venice, pamoja na nchi zinazoizunguka miji hiyo, zikapewa Austria. Parma, Modena na Tuscany wakapewa watawala wenye udugu na ukoo uliotawala Austria. Katikati, kuanzia Roma mpaka Bologna, akatawala Papa. Kusini, Naples na kisiwa cha Sicilia, wakarudishwa wafalme wa ukoo wa Bourbon. Ni Piedmont tu, pamoja na kisiwa cha Sardinia, iliyokuwa chini ya mfalme ambaye ukoo wake, ukoo wa Savoy, ungeweza kuitwa wa wenyeji. Metternich, waziri mkuu wa Austria, alikuwa akisema kwamba Italia ni jina la kijiografia tu, si taifa.

Watu waliokataa jambo hilo hawakuwa na pa kusemea. Magazeti yalikaguliwa, mikutano ilipigwa marufuku. Wakaingia katika vyama vya siri, na kilichojulikana zaidi kilikuwa kile cha Carbonari, maana yake wachoma makaa. Mwaka 1820 waliasi Naples, mwaka 1821 Piedmont, na mwaka 1831 Modena, Bologna na Parma. Kila mara majeshi ya Austria yaliingia na kuuzima moto. Na kila mara hadithi ilikuwa ni ile ile: maofisa wa jeshi, mawakili na wanafunzi walikula kiapo gizani, wakaamka asubuhi wakatangaza mapinduzi, na mwananchi wa kawaida akapata habari sokoni mambo yakiwa yamekwisha.

Kijana mmoja wa Genoa, Giuseppe Mazzini, aliliona kosa hilo. Akiwa mkimbizi mjini Marseille mwaka 1831 alianzisha chama kilichoitwa Italia ya Vijana. Shabaha yake ilikuwa Italia moja, huru, iliyo jamhuri. Na aliongeza jambo lililowatisha wafalme kuliko yote: kwamba kazi hiyo itafanywa na umma wenyewe, siyo kwa hisani ya mfalme ye yote. Mmoja wa waliovutwa na mafundisho hayo alikuwa baharia wa mji wa Nice, Giuseppe Garibaldi. Mwaka 1834 alihukumiwa kifo bila ya kuwapo mahakamani, akakimbilia Amerika ya Kusini, na huko akajifunza vita vya kuvizia pamoja na kuvaa lile shati jekundu lililokuja kuwa alama yake.

Mazzini aliutaja umma kila siku. Lakini tuseme kweli: umma aliouota ulikuwa umma wa mijini, wenye kusoma vijarida. Mtu wa shamba, ambaye ndiye aliyekuwa wengi, swali lake lilikuwa jingine. Yeye aliuliza: ardhi hii ninayoilima ni ya nani? Swali hilo Mazzini hakulipa uzito. Miaka mingi baadaye Antonio Gramsci, mwana wa Sardinia, alipokuwa amefungwa na serikali ya Mussolini, aliandika gerezani kwamba hapo ndipo ulipokuwa udhaifu wa harakati nzima: waliotaka taifa hawakumfikia mkulima kwa lile lililomuuma.

Tufike mwaka 1848. Mwaka huo Ulaya nzima iliwaka, na cheche ya kwanza ilitoka Palermo, tarehe 12 Januari, watu wa Sicilia walipomwasi mfalme wa Naples. Mwezi wa pili Paris ikafuata, na mwezi wa tatu Vienna yenyewe, makao ya Metternich, ambaye alilazimika kukimbia nchi.

Mjini Milan mgogoro ulianza kwa tumbaku. Biashara ya tumbaku ilikuwa ya serikali ya Austria, na ushuru wake ulikwenda Vienna. Basi tangu siku ya Mwaka Mpya watu wa Milan waliacha kuvuta. Askari wa Austria wakatembea barabarani wakivuta sigara kubwa kwa makusudi, wakiwapulizia watu moshi usoni. Matusi yakawa mawe, mawe yakaleta risasi, na watu wakafa. Msikilizaji, mapinduzi makubwa mara nyingi huanza kwa vitu vidogo kama hivyo. Kidogo kile huwa ni kile kinachojaza kibaba.

Tarehe 18 Machi mji ukalipuka. Kwa siku tano watu walifunga mitaa kwa meza, vitanda, magari ya farasi na hata viti vya kanisani. Wanawake walimwaga maji ya moto kutoka madirishani, na habari zikapelekwa nje ya mji kwa maputo yaliyorushwa juu ya kuta. Jenerali Radetzky, mzee wa miaka 81 aliyekuwa na askari zaidi ya 10,000, alilazimika kuondoka usiku. Wengi wa raia waliouawa katika siku hizo tano walikuwa mafundi na vibarua. Siku ile ile ya mwisho, tarehe 22 Machi, Venice nayo ilijitangaza kuwa jamhuri chini ya Daniele Manin.

Sasa angalia kilichofuata. Siku iliyofuata mfalme wa Piedmont, Carlo Alberto, alitangaza vita dhidi ya Austria. Wengine wanasema alikuja kusaidia. Wengine wanasema alikuja kuzuia Milan isiwe jamhuri mlangoni pake. Mimi nasema yote mawili ni kweli. Mwezi wa saba alishindwa huko Custoza, na mwezi wa nane Radetzky alikuwa amerudi Milan. Mwezi Machi 1849 mfalme alijaribu tena, akashindwa huko Novara, akamwachia kiti mwanawe, Vittorio Emanuele wa pili.

Umma peke yake ndio uliobaki ukipigana. Mjini Roma Papa alikuwa amekimbia, na tarehe 9 Februari 1849 ilitangazwa jamhuri. Mazzini alikuwa mmoja wa viongozi wake watatu, na Garibaldi alikuwa miongoni mwa makamanda wa ulinzi. Jamhuri ile iliishi miezi mitano tu, lakini ilipanga kuwagawia wakulima maskini ardhi ya Kanisa, na katiba yake iliifuta adhabu ya kifo. Aliyeiua hakuwa Austria. Ilikuwa Ufaransa, nayo wakati huo ikijiita jamhuri, iliyopeleka jeshi lake kumrudisha Papa. Miongoni mwa waliopoteza maisha kwa majeraha ya vita hivyo alikuwa Goffredo Mameli, kijana wa miaka 21, mtunzi wa maneno ya wimbo ambao leo ndio wimbo wa taifa la Italia. Garibaldi alipokuwa akikimbia, mkewe Anita, mzaliwa wa Brazil, alifariki njiani karibu na Ravenna akiwa mja mzito. Venice ilivumilia mabomu, njaa na kipindupindu mpaka mwezi Agosti, ikasalimu amri ya mwisho.

Katika moshi huo ndipo alipotokea mtu wa aina nyingine kabisa. Camillo Cavour, waziri mkuu wa Piedmont tangu mwaka 1852, hakupenda vizuizi vya barabarani. Alipenda reli, benki na mikataba. Mwaka 1848 ulimfunza kwamba mitaa inaweza kulifukuza jeshi la Austria kwa siku tano, lakini haiwezi kulizuia lisirudi. Basi akamtafuta rafiki mwenye jeshi kubwa, Napoleon wa tatu wa Ufaransa. Vita vya mwaka 1859, kule Magenta na Solferino, vilimpatia Piedmont nchi ya Lombardy. Kwa kulipa deni hilo, Cavour aliipa Ufaransa nchi ya Savoy pamoja na mji wa Nice. Garibaldi, mzaliwa wa Nice, akajikuta amefanywa mgeni nyumbani kwake kwa saini ya waziri wa nchi aliyoipigania.

Nami simdharau Cavour. Bila ya hesabu zake, sioni namna Austria ingeondoka kaskazini. Lakini hesabu zake ziliishia kaskazini. Sehemu ya kusini hakuipangia kitu. Huko kazi ilianzwa na watu wenyewe.

Tarehe 4 Aprili 1860 watu wa Palermo waliasi. Maasi ya mjini yalizimwa, lakini vikundi vya wakulima vikabaki milimani. Habari hizo ndizo zilizomtia Garibaldi moyo. Usiku wa kuamkia tarehe 6 Mei aliondoka karibu na Genoa na watu wapatao elfu moja katika meli mbili za moshi, Piemonte na Lombardo, wengi wao wakiwa na bunduki zilizopitwa na wakati. Walishuka Marsala tarehe 11 Mei. Mwisho wa mwezi walikuwa ndani ya Palermo, na waliofungua njia ni wale wakulima wa milimani walioungana nao.

Kwa nini mkulima wa Sicilia alimfuata mtu wa kaskazini ambaye hata lugha yake hakuielewa vizuri? Kwa sababu alisikia habari ya ardhi. Garibaldi alifuta ushuru wa kusaga nafaka, uliochukiwa na kila mlaji wa mkate. Kisha, kwa amri ya tarehe 2 Juni 1860, iliahidiwa kwamba ardhi za jumuiya za vijiji zitagawiwa, na kwamba aliyepigania nchi atapata fungu lake. Kwa mara ya kwanza neno Italia lilimfikia mkulima likiwa na maana anayoweza kuishika mkononi.

Nendeni nami mpaka Bronte, mji mdogo ulio chini ya mlima Etna. Ardhi kubwa ya huko ilikuwa ya ukoo wa Nelson, yule amiri jeshi wa bahari wa Uingereza. Mfalme wa Naples alimpa zawadi mwaka 1799 kwa kumsaidia kurudi madarakani. Watu wa Bronte hawakuulizwa. Kwa miaka sitini walidai misitu na malisho yao, wakazungushwa mahakamani. Amri ya Garibaldi ilipofika, walingoja mgawo. Mabwana wa mji, ambao jana walikuwa wa mfalme na leo wamevaa rangi za Italia, wakaikalia amri hiyo. Mwanzoni mwa mwezi Agosti watu walichoka kungoja. Walichoma nyumba na nyaraka, na wakawaua watu wapatao 16 kwa ukatili ambao hakuna awezaye kuutetea.

Garibaldi alikuwa akijiandaa kuvuka kwenda bara. Alihitaji utulivu nyuma yake, na Uingereza alihitaji urafiki wake. Akampeleka jemadari wake, Nino Bixio. Wakuu wengi wa ghasia walikuwa wamekwisha kukimbia. Bixio aliunda mahakama, kesi ikasikilizwa kwa saa chache tu, na tarehe 10 Agosti watu watano wakapigwa risasi. Mmoja alikuwa wakili Nicolò Lombardo, kiongozi wa wale waliodai mgawo wa ardhi, ambaye aliamini sheria mpya ingemlinda, akajitokeza mwenyewe. Mwingine alikuwa mtu asiye na akili timamu, aliyejulikana hivyo na mji mzima. Ardhi haikugawiwa. Kasri la Nelson lilibaki mikononi mwa warithi wake mpaka mwaka 1981, liliponunuliwa na halmashauri ya mji.

Nimesoma maelezo mengi yanayosema Bronte ni jambo dogo katika tendo kubwa. Siafiki. Mapinduzi hupimwa siku yanapokutana na wale waliyoyaamini zaidi kuliko viongozi wenyewe. Watu wa Bronte walikosa kwa damu waliyoimwaga, lakini ahadi hawakuitunga wao. Waliisoma ukutani, ikiwa na saini.

Yaliyofuata yalikwenda kwa haraka. Tarehe 7 Septemba Garibaldi aliingia Naples kwa gari-moshi, karibu peke yake, na mji ukampokea kwa shangwe. Cavour akaogopa kwamba jamhuri inazaliwa kusini, akalituma jeshi la mfalme. Tarehe 21 Oktoba watu walipiga kura: katika Sicilia zaidi ya watu 432,000 walisema ndiyo, na 667 tu walisema hapana. Kura yenyewe ilipigwa hadharani. Siku tano baadaye Garibaldi alikutana na Vittorio Emanuele karibu na Teano, akamkabidhi nusu nzima ya nchi. Aliomba askari wake wapokewe katika jeshi la taifa kwa vyeo vyao, hakuridhishwa. Akaondoka kwenda kisiwa chake cha Caprera.

Ufalme wa Italia ulitangazwa tarehe 17 Machi 1861. Mfalme aliendelea kujiita wa pili, kana kwamba Italia ni Piedmont iliyonenepa tu. Hata bunge halikuhesabiwa kuwa la kwanza. Liliitwa la nane, kwa hesabu ya Piedmont. Katika watu wapatao milioni 22, wenye haki ya kupiga kura walikuwa kiasi cha wawili katika kila mia.

Na wale waliokuwa mwili? Kijana wa Sicilia aliitwa jeshini kwa miaka mingi, jambo ambalo kisiwa chake hakikulizoea. Sehemu za kusini zilishika silaha tena, na serikali ikawaita wote majambazi. Ikaleta askari zaidi ya 100,000 na sheria ya mwaka 1863 iliyowapeleka raia mbele ya mahakama za kijeshi. Ushuru wa kusaga nafaka, ule ule uliofutwa na Garibaldi, ukarudishwa mwaka 1869, na waliopinga wakapigwa risasi. Garibaldi mwenyewe, alipojaribu mwaka 1862 kwenda kuikomboa Roma, alipigwa risasi na jeshi la Italia huko Aspromonte, akajeruhiwa mguu. Wahenga wamesema fadhila ya punda ni mateke. Mazzini alifariki mjini Pisa mwaka 1872, akiishi kwa jina la bandia katika nchi aliyoitolea maisha yake.

Kati ya mwaka 1876 na 1914, watu wapatao milioni 14 waliihama Italia kwenda Amerika na nchi nyingine za Ulaya. Walipiga kura ya pili, safari hii kwa miguu.

Liko fundisho moja linalotuhusu sisi wa pwani hii moja kwa moja. Kati ya wale elfu moja wa Garibaldi alikuwamo Francesco Crispi, mwasi wa Palermo wa mwaka 1848, mfuasi wa Mazzini, na mkono wa kulia wa Garibaldi katika kazi za serikali kule Sicilia. Miaka thelathini baadaye Crispi alikuwa waziri mkuu wa mfalme. Wakulima wa Sicilia walipounda vyama vyao kudai mikataba bora ya ardhi, ni yeye aliyetangaza utawala wa kijeshi kisiwani mwezi Januari 1894, akavivunja. Ni yeye aliyeyasukuma majeshi ya Italia ndani ya Ethiopia mpaka yakavunjwa na Menelik huko Adwa, tarehe 1 Machi 1896. Na katika miaka hiyo hiyo, mwaka 1892, Italia ilikodishwa na Sultani wa Zanzibar bandari za Benadir, zikiwamo Mogadishu na Barawa, kisha mwaka 1905 ikazinunua moja kwa moja. Watu wa Barawa, wenye Kiswahili chao wenyewe, waliuzwa kwa taifa ambalo nusu karne nyuma lilikuwa likililia haki ya kila watu kujitawala. Watoto wa wakulima waliokosa ardhi Sicilia waliambiwa ardhi yao iko Afrika.

Basi mapinduzi yalikuwa bure? La hasha. Watu waliokwisha kuwahi kufunga mtaa na kumwondoa jenerali hawasahau kwamba waliweza. Katika harakati za Italia tarehe 2 Juni inajirudia mara tatu. Tarehe 2 Juni 1860 ilitolewa ahadi ya ardhi. Tarehe 2 Juni 1882 Garibaldi alifariki Caprera. Na tarehe 2 Juni 1946, baada ya mfalme na Mussolini kuiingiza nchi katika maangamizi, Waitalia walipiga kura, wanaume na wanawake pamoja, wanawake wakishiriki kwa mara ya kwanza katika kura ya taifa zima. Watu milioni 12.7 walichagua jamhuri, milioni 10.7 wakamtaka mfalme. Ukoo wa Savoy ukaondoka. Miaka minne baadaye bunge la jamhuri hiyo likapitisha sheria za kugawa mashamba makubwa. Lile lililoandikwa ukutani Sicilia lilikuwa limechukua miaka tisini.

Kwa hiyo, msikilizaji, ukiulizwa tena nani aliiunganisha Italia, wataje wale watatu, si vibaya. Kisha uongeze fundi wa Milan na mkulima wa Bronte. Umoja wa nchi unaweza kutiwa saini na wafalme katika mwaka mmoja. Deni lake kwa waliopigana hulipwa na vizazi, na riba yake ni kubwa.

Mpaka juma lijalo, kwaherini.